Mji Ukibaki na Mawe Tu: Safari ya Siku Moja Toledo na Segovia

(Hotuba kwa wanachama katika mkutano mkuu wa mutualite)



Komite iliniomba mambo mawili. La kwanza, niwaeleze ile safari niliyofanya huko Hispania, nchi ambayo wengi wetu tunaiita Espanye. La pili, niseme kama kuna kitu cha kutusaidia katika ule mpango tunaobishania tangu mkutano uliopita: kuwachukua watoto waliozaliwa kambini, tuwapeleke siku moja wakaone vijiji vya wazazi wao, pamoja na mtu wa kuwaeleza. Wengine wamesema hayo ni kumaliza makuta ya sanduku. Wengine wamesema tutaamsha maneno ya mashamba ambayo yamelala. Nimesikia pande zote mbili, na kila upande una sababu yake. Nitaeleza kwanza niliyoyaona, halafu nitatoa wazo langu, na ninyi mtaamua.

Shirika ninalofanyia kazi lilinituma Madrid kwa mafunzo ya siku kumi. Siku ya Jumamosi hatukuwa na darasa. Nikalipa nafasi katika bisi ya watalii inayotembelea miji miwili ya zamani, Toledo na Segovia, kutoka asubuhi mpaka jioni. Njo hiyo safari nitakayosimulia.

Namna siku inavyopangwa

Watu wengi hapa wanafikiri utalii ni kupiga picha tu. Picha ni nyingi, ni kweli. Lakini mimi kazi yangu ni kupanga mikutano na matembezi ya vijijini, kwa hiyo nilitazama zaidi namna wenzetu wanavyopanga siku yao.

Kuna pahali pamoja pa kukutana na saa moja ya kukutana. Ukichelewa, bisi inaondoka. Mwongozaji anabeba mwavuli wa rangi kali na kuuinua juu, ili mtu asipotee kati ya watu wengi. Kila mgeni anapewa kifaa kidogo cha kuweka sikioni, ili mwongozaji aongee polepole bila kupiga kelele barabarani. Mwongozaji wetu alikuwa mama wa makamo. Alisema Kihispania kwanza, halafu Kiingereza.

Bei ya tikiti inataja wazi kilichomo: bisi, mwongozaji, na kiingilio cha sehemu zilizoandikwa. Kisichoandikwa unalipa mwenyewe, na chakula cha mchana ni juu yako. Mtu akikuuliza siku moja kuhusu safari za namna hii, mwambie asome hiyo karatasi vizuri kabla ya kutoa makuta. Anaweza kufika kwenye mlango wa kanisa kubwa akakuta alilipia kuliangalia kutoka nje tu.

Toledo iko kama kilomita 70 kusini ya Madrid. Segovia iko kama kilomita 90 upande wa kaskazini-magharibi, nyuma ya milima ya Guadarrama. Kwa hiyo bisi inashuka kusini, inarudi, inapanda tena kaskazini. Kuna umbali mwingi na kukimbia kwingi. Mwenye nafasi ya siku mbili, heri atembelee mji mmoja kila siku.

Toledo: mji wa watu wengi

Kabla ya kuingia mjini, bisi ilisimama ng'ambo ya mto Tajo. Kutoka pale unauona mji wote juu ya mlima wa mawe, na mto umeuzunguka pande tatu. Mtu wa vita angefurahi kupata pahali kama pale, na watu wa vita kweli walipagombania. Warumi walikaa pale. Baada yao Wavisigothi wakaufanya mji mkuu wao. Mwanzoni mwa karne ya 8 wakaingia Waislamu kutoka Afrika ya Kaskazini. Mwaka 1085 mfalme Mkristo, Alfonso VI, akauchukua.

Kilichonigusa ni kwamba kwa miaka mingi watu wa dini tatu walikaa ndani ya kuta zile pamoja: Waislamu, Wayahudi na Wakristo. Sisemi walipendana kila siku. Kulikuwa na kodi za kudharau watu, kulikuwa na siku za damu. Lakini walifanya pia kazi ambayo dunia nzima inaila mpaka leo. Katika karne ya 12 na ya 13, wataalamu walikutana Toledo kutafsiri vitabu vya Kiarabu: vya uganga, vya hesabu, vya nyota. Mtu mmoja, Gerardo wa Cremona, alitoka Italia mpaka Toledo kwa sababu ya kutafuta kitabu kimoja cha nyota, akabaki pale akitafsiri vingine vingi. Mara nyingi Myahudi ao Mkristo aliyejua Kiarabu alisoma kwa sauti katika lugha ya mtaani, na mwenzake akaandika kwa Kilatini.

Tulipanda mjini kwa ngazi za umeme zinazojipandisha zenyewe, zimejengwa ubavuni mwa mlima. Wazee wetu wa hapa wangezipenda sana. Juu kuna vichochoro vyembamba. Katedrali ilianza kujengwa mwaka 1226, pahali ulipokuwa msikiti mkubwa wa mji. Huo njo utaratibu wa Toledo: chini ya jengo moja kuna jengo la mwenye mji wa zamani.

Katika kanisa dogo la Santo Tomé tuliona picha kubwa inayoonyesha mazishi ya bwana mmoja wa Orgaz, iliyochorwa kati ya mwaka 1586 na 1588. Mchoraji wake wanamwita El Greco, maana yake Mgiriki. Alizaliwa kisiwa cha Krete, akafika Toledo mwaka 1577, akakaa pale mpaka kifo chake mwaka 1614. Hesabuni wenyewe: miaka 37, na bado jina lake ni “Mgiriki”. Leo watu wanatoka mbali kuja Toledo kwa ajili ya kazi ya mikono yake. Nililitaja hilo hapa kwa sababu sisi pia tuna wenzetu ambao wamerudi zaidi ya miaka kumi sasa, wamejenga, wamezaa, wamezika wazazi wao hapa, na majirani bado wanawaita “ba-Tanzania”.

Mtaa ambao wenyewe hawamo

Baada ya hapo tuliingia mtaa wa zamani wa Wayahudi. Utaujua kwa vigae vidogo vilivyopachikwa chini na ukutani, vyenye alama zao. Masinagogi mawili yamebaki yamesimama. Moja linaitwa Santa María la Blanca. Ndani ni nguzo nyeupe na matao yaliyopinda kama kiatu cha farasi, kwa ufundi uleule wa misikiti. Mwanzoni mwa karne ya 15 liligeuzwa kuwa kanisa, na jina linalotumika leo ni la kanisa.

Lingine linaitwa El Tránsito. Lilijengwa karibu mwaka 1357 na Samuel ha-Levi, mtunza hazina wa mfalme Pedro. Kuta zimechongwa maandishi ya Kiebrania juu kabisa, na mapambo yenye mikono ya mafundi Waislamu. Maandishi yale yanamsifu Mungu, na yanamsifu pia mfalme. Hayakumsaidia mwenye kuyaandikisha: baadaye mfalme yuleyule alimkamata Samuel, akafia gerezani. Leo jengo lile ni nyumba ya makumbusho ya Wayahudi wa Hispania.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Tarehe 31 mwezi wa tatu mwaka 1492, mfalme Fernando na malkia Isabel walitia sahihi amri: Wayahudi wote wasiokubali kubatizwa watoke nchini, na walipewa mpaka mwisho wa mwezi wa saba. Miezi minne. Waliruhusiwa kuuza vitu vyao, lakini walikatazwa kutoka na dhahabu, feza ao pesa za chuma. Fikirini soko la namna hiyo. Kila jirani anajua unaondoka, anajua tarehe yako, anajua huwezi kubeba makuta. Padri mmoja wa wakati ule, Andrés Bernáldez, ambaye hakuwapenda Wayahudi hata kidogo, aliandika kwamba mtu alitoa nyumba akapewa punda, akatoa shamba la mizabibu akapewa kipande cha nguo.

Bamama, bapapa, hakuna mtu humu ndani anayehitaji kufafanuliwa hayo. Mwaka 1996 na miaka iliyofuata, tulipokimbia kutoka Fizi na Uvira kuvuka ziwa kwenda Kigoma, tuliona mbuzi ikiuzwa kwa bei ya nauli ya mtumbwi. Tofauti ni kwamba sisi hatukupewa hata ile miezi minne.

Wale Wayahudi walienda Ureno, Moroko, na nchi za Sultani wa Uturuki. Walishika lugha yao, Kihispania cha zamani, na familia nyingine ziliendelea kukisema nyumbani kwa miaka zaidi ya 400. Husimuliwa pia kwamba wengine walitunza ufunguo wa nyumba ya Toledo, baba akampa mtoto, mtoto akampa mjukuu. Hata hapa najua zaidi ya mama mmoja aliyefunga mlango, akabeba ufunguo mpaka Lugufu, na nyumba yenyewe iliungua wiki ileile.

Kuna kitu kingine ambacho watu wengi hawakijui. Mwezi wa kumi na moja mwaka uleule wa 1492, wafalme walitoa ruhusa ya kurudi. Aliyekubali kubatizwa aliweza kurudi, na alikuwa na haki ya kununua tena mali yake kwa bei ileile aliyouzia. Wengine walirudi. Ukisikiliza juujuu utasema sheria ile ilikuwa nzuri: nyumba uliyouza kwa punda, unarudisha punda, unaingia. Lakini bei yenyewe haikuwa punda. Bei ilikuwa kuacha kuwa mtu uliyekuwa. Na aliyerudi kwa bei hiyo alikaa miaka yote akichunguzwa na mahakama ya dini kama kweli amebadilika ao anadanganya.

Nikamuuliza mwongozaji, tulipokuwa tukitoka El Tránsito: “Wajukuu wa watu wa mtaa huu wako wapi sasa?” Hakukasirika. Alinijibu kwamba wako Uturuki, Israeli, Amerika, kila pahali. “Wanakuja,” akasema. “Wanalipa tikiti, nawapa kifaa cha sikioni, nawaonyesha mtaa kama ninavyokuonyesha wewe.”

Mimi nilikaa na neno hilo mpaka Segovia. Mama yule ni mtu mzuri na anajua kazi yake. Lakini mjukuu anakuja kwenye mlango wa babu yake, na anayemweleza ni mtu mwingine, kwa lugha nyingine, kwa dakika alizopangiwa na kampuni.

Minyororo ya ukutani

Karibu na pale kuna monasteri ya San Juan de los Reyes, iliyojengwa kwa amri ya Fernando na Isabel. Ukutani, upande wa nje, imetundikwa minyororo mizito ya chuma. Ni minyororo ya mateka Wakristo waliokuwa wamefungwa katika nchi ya Granada, wakafunguliwa wakati wa vita vya wafalme hao. Walipotoka kifungoni, minyororo yao ililetwa Toledo ikatundikwa pale kama ushuhuda. Iko mpaka leo.

Nilipenda sana kitu kile. Mtu alifungwa, akarudi kwao, na mji ukaweka alama kusema: huyu alirudi. Sisi hapa, nani ameweka alama ya siku ile meli kutoka Kigoma iliposhusha watu wetu Baraka?

Lakini mwongozaji alieleza minyororo, akapita. Hakuunganisha mambo mawili. Wafalme waliotundika minyororo ya waliorudi njo walewale waliotia sahihi karatasi ya waliofukuzwa, na mtaa wa waliofukuzwa uko hatua chache tu kutoka ukuta ule. Na kuna wa tatu ambao hawakutajwa kabisa siku nzima: wale wazao wa Waislamu waliokuwa wamebatizwa, waliofukuzwa Hispania nzima kati ya mwaka 1609 na 1614, karibu watu 300,000 kwa makadirio ya wanahistoria wengi. Simlaumu sana. Asubuhi moja haitoshi. Lakini kumbukeni pia kwamba tuliingizwa katika duka la visu na panga, ambazo Toledo inajulikana kwazo tangu zamani, na tulikaa mule dakika nyingi kuliko ndani ya sinagogi.

Segovia: maji, shetani na makaburi

Segovia ina daraja refu la mawe lililojengwa na Warumi karibu miaka 1,900 iliyopita, kuleta maji ya mlimani mpaka mjini. Lina matao 167, na pahali pa juu kabisa ni kama mita 28. Mawe ya matao yamepangwa bila saruji wala chokaa. Yanashikana kwa uzito wake yenyewe. Maji yalipita juu yake mpaka karne ya 20. Kwetu nimeona robine iliyofadhiliwa ikifa kabla ya miaka mitatu, kwa sababu hakuna aliyepewa kazi ya kuitunza. Lile daraja lilitunzwa. Matao mengine yalipoanguka, katika karne ya 15 wakayajenga upya kwa kufuata umbo la zamani.

Wenyeji wana hadithi yao. Msichana aliyechoka kubeba maji kila siku alipatana na shetani: ukileta maji mlangoni kabla jogoo hajawika, chukua roho yangu. Shetani akajenga usiku kucha. Likabaki jiwe moja tu, jogoo akawika, msichana akapona, mji ukabaki na maji. Bamama wa hapa mngeelewa mara moja kwa nini msichana alikubali mapatano yale.

Mji ule una pia Alcázar, ngome iliyokaa juu ya mwamba kama mbele ya meli. Iliungua mwaka 1862 wakaitengeneza upya. Na ni Segovia humohumo, mwezi wa kumi na mbili mwaka 1474, Isabel alitangazwa malkia. Sinagogi kubwa la Segovia nalo liligeuzwa kanisa, likaungua mwaka 1899, likajengwa tena.

Wakati wa mapumziko wengine walienda kula nyama ya mtoto wa nguruwe, chakula kinachojulikana sana kule. Mimi nilitembea mpaka kwenye ukuta wa mtaa wa Wayahudi. Kutoka pale unaona bonde, na ng'ambo ya bonde kuna kilima chenye miti ya misonobari. Kilima hicho kilikuwa makaburi ya Wayahudi, yaliyochimbwa ndani ya mwamba. Hispania ilipotaka watu wale waondoke, waliondoka wazima, wafu wakabaki. Kwetu pia mtu akiulizwa “kwenu ni wapi?” hatoi karatasi. Anaonyesha pahali alipozikwa babu yake.

Hispania yenyewe imejaribu kutengeneza. Mwaka 2015 ilipitisha sheria ya kuwapa uraia wazao wa Wayahudi waliofukuzwa. Walitakiwa kuonyesha ushahidi wa ukoo, wengi wao wafanye mtihani wa lugha na wa mambo ya nchi, na wafike Hispania mbele ya mthibitishaji. Muda wa kuomba uliisha mwaka 2019, na walioomba walizidi watu 130,000. Miaka 523 baada ya amri! Sheria ile ilitoa karatasi. Haikurudisha nyumba, wala mtu wa kusema “mti huu aliupanda bibi yako”. Na wazao wa wale 300,000 hawakupata sheria kama hiyo.

Tuchukue nini, tuache nini

Wazee wetu, sikwenda Toledo kutafuta mfano wa kufuata kwa kila kitu. Toledo ina mawe mengi, tikiti, vifaa vya sikioni. Kilichokosekana ni wenye mtaa. Sisi ni kinyume. Mawe hatuna: nyumba zetu zilikuwa za udongo, zimerudi udongo. Lakini wenyewe tuko hapa, hai, katika chumba hiki. Hatukungoja miaka 523. Wengi walipanda meli tangu mwaka 2005, na kaburi, mwembe na kisima bado vina mtu wa kuvionyesha.

Mpaka lini? Tangu mkutano mkuu wa mwaka jana tumezika wazee wengine. Kila mmoja alikuwa anajua ni familia gani ilikaa wapi. Vijana wetu waliozaliwa Lugufu na Nyarugusu, ukiwauliza kwao ni wapi, wengine wanakujibu jina la zone ya kambi na namba ya kijiji cha kambi. Hawadanganyi. Njo pahali wanapopajua. Tukikaa tu, baada ya miaka michache watatembea katika vijiji vya babu zao kama wale wajukuu wa Toledo, wakielezwa na mtu wa shirika kama mimi. Na mimi sitaki kazi hiyo.

Kwa hiyo wazo langu ni hili, na naliweka mbele yenu kwa pointi nne.

Ya kwanza: waongozaji wawe wawili, kamwe asiwe mmoja. Mzee mmoja aliyekimbia na akarudi, na mzee mmoja aliyebaki. Toledo hawawezi tena kupata wawili hao. Sisi tunao. Aliyekimbia anajua kijiji kilivyokuwa mpaka siku ile. Aliyebaki anajua kilichotokea baada yake, na yeye pia aliteseka, jambo ambalo sisi tuliorudi hatupendi kulisikia. Wakipishana, watoto wasikie wote wawili. Kupishana kwao hakutaua mtu.

Ya pili: matembezi hayatagusa mipaka. Najua hofu ya wale waliosema tutaamsha maneno ya mashamba. Hofu hiyo si ya bure. Basi tuandike kabisa katika mpango: siku hiyo hakuna mtu atakayeonyesha mpaka wa shamba, hakuna atakayepima parseli, na hakuna maneno ya siku hiyo yatakayopelekwa kama ushahidi. Maneno ya shamba yana njia yake, kwa shefu na kwa tribinali. Na tumwarifu shefu mapema, tumwalike atembee nasi, asije akasikia barabarani.

Ya tatu: tusiruke pahali pa uchungu. Mwongozaji wetu wa Toledo alikuwa na sababu ya kupita haraka, ana bisi inayongoja. Sisi hatuna bisi. Kama kuna pahali watu walikufa, tusimame pale, mzee aseme kwa ufupi bila kutaja nani alifanya nini, tuombe, tuendelee. Watoto wadogo kabisa wabaki siku hiyo na mama zao.

Ya nne: makuta. Niliwapigia hesabu mapema. Tukianza na kijiji cha karibu, wakati wa kiangazi, tunatembea kwa miguu. Hakuna gari la kukodi. Chakula ni muhogo na dagaa kutoka kwa familia zenyewe. Wazee wawili hawawezi kutembea mbali, vijana watawabeba kwa pikipiki, na hayo njo mafuta pekee ambayo sanduku litalipa. Kijana mmoja aandike kwenye daftari majina yatakayotajwa: majina ya mito, ya vilima, ya familia. Daftari likae kwa sekretere wa mutualite, na nakala kwa shefu.

Naomba tuanze na kile kijiji chenye mzee mwenye umri mkubwa kuliko wote kati yetu. Mnamjua. Leo hakufika kwa sababu ya miguu. Na yule mzee aliyebaki ambaye waligombana naye juu ya kisima, nilimtembelea wiki jana. Sikumwahidi kitu, nilimuuliza tu kama angekubali kutembea siku moja na mwenzake mbele ya watoto. Akanyamaza sana, halafu akasema: “Akikubali yeye kwanza.” Nikaenda kwa yule wetu nikamuuliza. Naye akajibu: “Mimi nilikuwa nangoja aniite.”

Bwana Prezida, nimemaliza. Naomba jambo hili lipigiwe kura leo, kwa sababu kiangazi hakitungoji, na wale wazee wawili hawatungoji pia.